Daraja Ambalo Leta Haikulipokea

Kwenye biro ya teritwari, ofisi ya serikali ya wilaya yetu, alikwenda na kiti chake mwenyewe. Kilikuwa kiti cha mbao, cha kukunja, na alikibeba begani kama mtu anayekwenda misa ya Pasaka akijua mabenchi yatajaa mapema. Alikifungua barazani, akakaa, akaweka kofia juu ya goti, akawatazama makarani wakiingia na kutoka. Walipomwambia aende kukaa benchini kama watu wengine, alijibu bila kuinua sauti, kwa Kiswahili chetu cha huku, ambacho "wale" ni "bale" na "ndiyo" ni "njo".

"Benchi iko ya bale banaitwa. Miye siitwi. Miye nakuja tu."

Masisi nzima ilimwita Antreprenere, nami sitamwita jina jingine hapa, kwa sababu jina lake halisi limeandikwa kwenye makaratasi ya kutosha na halikumsaidia kitu. Antreprenere kwetu ni mtu anayetia saini kontra, yaani mkataba, na serikali, akajenga shule au daraja kwa mfuko wake, halafu akalipwa kazi ikikamilika. Nusu ya kwanza ya maelezo hayo aliitimiza yeye. Nusu ya pili ndiyo inayonifanya niandike kwa hasira. Nilijaribu kungoja hasira ipungue ili niandike kwa haki, kisha nikaona kwamba ikipungua nitakuwa pia nimesahau nani alifanya nini.

Alikuwa jirani yetu. Kati ya nyumba yao na yetu palikuwa na ua wa matete tu, na asubuhi tuliamshwa na nyundo yake. Hakutupa msumari hata mmoja maishani. Iliyopinda aliikusanya kwenye kopo, akainyoosha juu ya jiwe mmoja baada ya mwingine, na kila mmoja aliusemesha: "Weye ulipindia wapi? Nani alikupiga vibaya hivi?" Mkewe alimwambia mama yangu kwamba misumari ilisikia maneno matamu kuliko yeye, na kwamba siku akipinda mgongo labda atatazamwa.

"Weye hupindi," Antreprenere alijibu kutoka upande wa pili wa ua, maana alisikia kila kitu. "Weye uko wa chuma ya Wabeleji."

"Unasikia, Mama?" mkewe alimwambia mama yangu. "Njo sifa nilipata leo."

Kanisani alikaa safu ya mbele, na alikuwa na tabia ya kumngoja katekista mlangoni baada ya ibada. Jumapili moja tulisomewa habari za safina, vipimo vyake, vyumba vyake, lami ya ndani na ya nje. Antreprenere akamshika katekista mkono.

"Papa Katekista, mbao ile yote, nani alilipa?"

"Mungu njo aliagiza."

"Kuagiza nimesikia. Nauliza kulipa."

Katekista alifikiri. "Alilipwa na uzima. Yeye na batoto bake bote."

Antreprenere akavaa kofia. "Basi yeye alipata," akasema, akaenda nyumbani.

Mtu asidhani kwamba alikuwa mpole. Mbuzi wa jirani wa chini alipoingia shambani mwake na kula mihogo, alimpeleka mwenye mbuzi mbele ya baraza la chifu, akakataa kupatanishwa, akakataa pombe ya kuombwa radhi, mpaka akalipwa majembe. Wafanyakazi wake walimwogopa. Aliyechelewa alimkuta mwingine ameshika koleo lake. Lakini mtu huyohuyo, akifika kwenye uwanja wa teritwari, alivua kofia tangu kwenye mlingoti wa bendera, na aliwaita makarani vijana, wengine wadogo kuliko mimi, "Papa". Nimelifikiria jambo hili kupita kiasi, na sijapata jibu linaloniridhisha. Labda mwenye mbuzi alikuwa na uso, na mtu mwenye uso unaweza kumkasirikia. Leta haina uso. Ukimkasirikia karani, karani anasema si yeye, ni mkubwa wake. Ukimkasirikia mkubwa, ameshahamishwa.

Leta ni jina letu la serikali. Limetoka kwenye Kifaransa, lakini kwa bahati mbaya, au kwa bahati nzuri kama alivyosema yeye, tayari lilikuwa neno la Kiswahili. Alilichezea neno hilo kwa miaka. Alikuwa akisimama barazani na kusema kwa sauti ya mtu anayefundisha watoto kusoma: "Jina yake njo kazi yake. Leta kodi. Leta mbao. Leta mubuzi. Siku moja batabadilisha jina, bataiita Chukua, njo tutaenda kulipwa." Watu wa foleni walicheka huku wakiangalia mlango.

Sasa nieleze ng'ombe, kwa sababu bila ng'ombe hao yote haya yangekuwa hasara ya mtu mmoja mwenye kichwa kigumu.

Mkewe alitoka katika familia ya wafugaji wa milimani, kule juu ambako ukungu haunyanyuki mpaka maziwa ya asubuhi yameshauzwa. Kaka yake, yaani shemeji wa Antreprenere, alikuwa mtu mrefu, wa maneno machache, aliyetembea na fimbo iliyolambwa na mikono mpaka ikang'aa. Wakati wa fujo daraja la njia ya Ntoto lilichomwa, na watu wa kule wakawa wanavuka mto kwa kamba, na mvua ikinyesha hawavuki. Leta ikatoa kontra. Antreprenere aliitaka kontra hiyo kuliko kitu chochote. Hakuwa na fedha ya simenti, ya chuma, wala ya vibarua. Akapanda mlimani kwa shemeji yake, akarudi na ng'ombe.

Ng'ombe hao walikuwa mahari ya kijana wa shemeji. Upande wa msichana walikuwa wameshakubali, siku ilikuwa karibu kupangwa. Shemeji alisema ataomba wangoje kidogo, mpaka Leta ilipe. Ndivyo ng'ombe walivyogeuka simenti, na simenti ikageuka daraja, na harusi ikangoja.

Shemeji hakudai hata mara moja, na hilo ndilo lililokuwa gumu kuliko kudaiwa. Alishuka na kibuyu cha maziwa kwa ajili ya dada yake, akakaa sebuleni, fimbo kati ya magoti. Mama Antreprenere, ndivyo tulivyomwita mkewe, aliuliza habari za kijana.

"Iko," shemeji alisema.

"Na bale ba upande wa binti?"

"Banangoja."

Antreprenere alitoka nje akaanza kunyoosha misumari.

Daraja lilikuwa zuri. Sisemi hivyo kwa upendo. Lilikuwa la kawaida kwa njia zetu, miti minene iliyolazwa juu ya nguzo za mawe, chuma chini yake, na juu mistari miwili ya mbao ndefu, mmoja kwa magurudumu ya kushoto, mwingine ya kulia. Lakini nguzo zilikaa pale maji yalipozitaka zikae, na kamyo zilizopakia mpaka juu zilipita bila mti hata mmoja kulia. Mama mmoja wa Ntoto alinieleza kwamba mara ya kwanza alipovuka na kikapu chake cha ndizi alirudi akavuka tena, bila sababu.

Kazi ilipokwisha, mjumbe alitoka teritwari na habari kwamba siku fulani Administratere, mkubwa wa teritwari, atakuja, kutakuwa na resepsyo, wajitayarishe.

Hapa ndipo kila kitu kilipoharibika, kwenye neno hilo moja. Kwetu kila mtu anajua resepsyo ni nini. Watu wakitoka kanisani kufunga ndoa wanakwenda kwenye resepsyo. Ni wali, nyama, hotuba, viti vya kuazima, kucheza. Antreprenere alifurahi mpaka akaacha kunyoosha misumari. Hakuwahi kufikiri kwamba Leta ingemfanyia daraja lake heshima ya arusi. Akajitayarisha kama baba wa bibi arusi. Shemeji yake akashuka na fahali mmoja zaidi, juu ya wale aliokwisha kutoa. Kasiksi ikapikwa, ile pombe yetu ya ndizi. Akina mama wa Ntoto wakaleta samaki wa mtoni na ndizi za kuchoma. Kwaya ikaja na ngoma zake.

Administratere alifika na jipu yake, motokari ya Leta, akakata utepe, akavuka daraja kwa miguu, akapiga mbao kwa kisigino hapa na pale. "Kazi ya sawasawa," akasema, na watu wote walisikia. Akatoa hotuba juu ya uhuru na kazi. Akala. Akacheza na Mama Antreprenere, tena alicheza vizuri. Jioni aliondoka na mguu mmoja wa nyuma wa fahali kwenye jipu, umefungwa kwenye majani ya mgomba.

Antreprenere alipokwenda kudai, karani wa fedha alimwuliza: "Papa, proseverbale ya resepsyo iko wapi?"

"Resepsyo tulifanya. Weye mwenyewe ulikuwa pale."

"Nilikuwa."

"Ulikula."

"Nilikula, Papa, siwezi kukana."

"Ulikula nini?"

"Nyama."

"Nyama ya nani?"

Karani alianza kucheka, na makarani wengine wakacheka. "Papa, nyama haina saini," akasema. Kisha akamweleza. Katika lugha ya kontra, resepsyo si chakula. Ni mwenye kazi kuikagua kazi, kuikubali, na kutia saini karatasi, ndiyo proseverbale, inayosema ameipokea. Siku ya saini ndipo deni linapozaliwa. Kabla ya hapo kuna daraja, kuna watu wanaovuka, kuna kamyo za Leta yenyewe zinazovuka, lakini deni hakuna.

"Kwa hiyo beye habakupokea," Antreprenere akasema.

"Kwa sheria, bado."

"Balikula, balikunywa, balicheza na muke yangu, lakini habakupokea."

"Njo vile, Papa."

Nimejiuliza mara nyingi kama Administratere alisahau. Inawezekana, watu husahau. Lakini yeye alisoma Kifaransa, alilituma neno lile mwenyewe, alifika akaona masufuria na kwaya, na lazima alielewa mara moja kosa walilofanya watu hawa. Kulisahihisha kulihitaji kalamu tu. Pale penye watu mia na zaidi, ukiacha karani wake, yeye peke yake alijua kwamba neno lina maana mbili, akala ile moja na kuificha ya pili. Kila nikijaribu kumtetea nakwama kwenye mguu wa fahali.

Niliporudi kutoka chuo kikuu Kinshasa na diploma ya sheria, bado nikiona haya kuvaa tai mbele ya baba yangu, Antreprenere alikuja kwenye ua wa matete.

"Metre," akaniita, jina wanaloitwa mawakili. "Metre yangu ya kupimia mbao iko na santimita mia. Yako iko na ngapi?"

Nilimwambia bado sijawa wakili. Akasema yeye naye bado hajawa mtu aliyelipwa, kwa hiyo tuko sawa.

Tulianza na barua. Sheria inasema anayedai lazima amwonye mdaiwa kwa maandishi, na tangu siku onyo linapomfikia, kuchelewa kwake kunaanza kuzaa riba. Niliandika vizuri, niliandika upya, nilikosa usingizi juu ya neno moja la heshima mwishoni. Karani aliichukua barua lakini akakataa kugonga muhuri kwenye nakala yetu. Bila muhuri, barua haikufika. Haikufika siku yoyote. Nilisema nitafikiri la kufanya. Antreprenere hakungoja nifikiri. Alirudi na kiti chake siku ya watu kulipa kodi, akasimama juu ya kiti, akaisoma nakala yote kwa sauti, Kifaransa chote, neno kwa neno, ijapokuwa hakuelewa hata nusu yake. Alipomaliza akaikunja. "Sasa bantu bote bako mashahidi," akasema. "Leta ilisikia."

Mzee mmoja kwenye foleni aliuliza ile ilikuwa injili ya nani.

Halafu tulipanda kwa wakubwa. Kontra ilitolewa na provinsi yetu ndogo ya Goma, na provinsi hiyo ilikuwa imefutwa, imerudishwa ndani ya Kivu. Goma walisema vitabu vyote vilikwenda Bukavu, makao makuu ya Kivu. Antreprenere akateremka mpaka Kirotshe, kando ya ziwa, akapanda mashua, akaenda Bukavu na kiti chake. Bukavu walimwambia deni ni la provinsi iliyokufa, na Kivu haikurithi madeni yasiyo na proseverbale. Aliuliza kama Kivu ilirithi barabara. Wakasema ndiyo. Aliuliza kama ilirithi daraja lililo katikati ya barabara. Wakamwambia arudi kesho. Katikati ya safari hizo fedha yenyewe ikabadilishwa jina, faranga zikawa zaire, na fungu la kontra likawa tarakimu ndogo ya kuchekesha, ingawa bei ya ng'ombe haikukubali kuchekesha.

Ilibaki korti. Nilikwenda mwenyewe kuuliza. Nilielezwa, kwa upole, mambo mawili. La kwanza, bila proseverbale hakuna kesi. La pili, hata ukishinda, mali ya Leta haikamatwi. Hakimu anaweza kuandika kwamba Leta inadaiwa, lakini hakuna mtu duniani anayeweza kwenda kuchukua meza yake, wala jipu yake, ili upate chako. Nilirudi nyumbani kwa miguu nikilisema jambo hilo kwa sauti peke yangu. Mtu wa Masisi asipolipa kodi, polisi wanaondoka na mbuzi wake siku hiyohiyo, na mbuzi haulizwi kama alipokelewa. Sheria iliyonifundisha kwamba mdaiwa lazima alipe ilikuwa imeandikwa na mdaiwa mkubwa kuliko wote, na mwishoni alikuwa ameacha mlango kwa ajili yake mwenyewe. Nililipia masomo kwa jasho la baba yangu ili nije kumweleza jirani habari za mlango huo.

Nilimweleza. Shemeji alikuwepo, na kibuyu chake.

Antreprenere alinisikiliza mpaka mwisho. "Metre, niulize kitu kimoja tu. Kama habakuipokea, ile daraja iko ya nani?"

Nilisema kwamba kwa desturi ya kontra, kazi ambayo haijapokelewa inabaki mikononi mwa aliyejenga. Ikianguka, hasara ni yake. Ikiungua, ni yake.

"Ikisimama?"

Nikasema sina hakika. Nikasema kuna maoni tofauti, na kwamba mali ya umma ina kanuni zake, na kwamba mtu anaweza kufungwa.

"Ikianguka iko yangu," akasema taratibu, kama anayepima mbao. "Ikisimama Metre hajui."

Shemeji, ambaye hakuwahi kuchangia neno kwenye mazungumzo hayo, aliinua uso. "Iko yako," akasema.

Baada ya hapo nilipata kazi ya muda Goma, kunakili hukumu za watu wengine, na sikumwona kwa muda mrefu. Nilipokuja likizo, Mama Antreprenere aliniambia wazee wa upande wa msichana wametuma neno la mwisho: ng'ombe waonekane kabla ya mavuno ya maharage, la sivyo binti atakwenda kwingine. Nilimwuliza mumewe yuko wapi.

"Alikwenda kwa daraja yake," akasema. "Yeye na kaka yangu. Balibeba nyundo, habakubeba chakula."

Nilipata kamyo mpaka nusu ya njia, nikamalizia kwa miguu, nikipanga kichwani hotuba ya kumzuia. Nilipofika nilikuta mistari miwili ya daraja imekuwa mmoja. Mbao za upande wa kushoto zilikuwa zimeng'olewa zote, zimepangwa kando ya njia, upande wetu wa mto, na Antreprenere na shemeji yake walikuwa wamekaa juu yake. Mstari wa kulia alikuwa ameuacha. Akina mama walipita juu yake na vikapu vyao, mmoja nyuma ya mwingine, wakimsalimia. Misumari yote ilikuwa ndani ya kopo.

Upande wa Ntoto ilisimama jipu ya Administratere. Alikuwa amevuka asubuhi kwenda kukusanya watu kwa hotuba, na sasa alitaka kurudi. Mkubwa kutoka Bukavu alikuwa anakuja Masisi, na jipu hiyo ndiyo ya kumpokelea.

Tuliongea kuvuka maji, au tuseme wao waliongea.

"Weye muzee, unafunga barabara ya Leta?"

"Barabara iko wazi, Administratere. Bantu banapita. Tazama bamama."

"Na motokari?"

"Motokari inahitaji mbao mbili. Miye nilitoa moja, njo yangu. Leta bado haijaipokea."

Administratere alimwona kijana mwenye tai upande wa pili. "Weye njo ulimufundisha hivi?"

Nilisema kwamba suala ni tata. Shemeji alicheka, mara ya kwanza kumsikia.

"Umekamata mali ya Leta," Administratere akasema. "Hiyo ni jela."

"Nani alikamata?" Antreprenere aliinua mikono yake mikubwa, mitupu. "Jipu iko pale. Hakuna muntu aliigusa. Funguo iko kwa mufuko ya dereva wako. Miye ninakaa juu ya mbao zangu."

Akina mama walikuwa wamesimama sasa pande zote mbili. Mmoja wao, mwenye kikapu cha mihogo kichwani, alisema bila kumtazama mtu: "Siku ile ulicheza hapa hapa, Papa. Tuliona ulijua kucheza." Kicheko kilipita kutoka ng'ambo hadi ng'ambo. Nilimwona Administratere akihesabu vichwa. Alikuwa na polisi mmoja, na polisi huyo alikuwa amekula pia.

Mwisho alivua viatu vyake vyeusi, akavishika mkononi, akavuka kwa miguu juu ya mstari uliobaki, mguu mmoja mbele ya mwingine, dereva na polisi wake nyuma yake, na maji yakipiga kelele chini yao. Antreprenere alisimama alipopita, akavua kofia. Ndiyo, alivua. Sikuelewa wakati ule na sielewi sasa.

"Karatasi itakuja," Administratere alisema bila kusimama.

Tulilala kwa watu wa pale. Asubuhi dereva alikuja na baiskeli ya kuazima, ametoka jasho, na bahasha. Antreprenere alinipa nifungue, kwa kuwa mikono yake ilikuwa imeshashika nyundo. Shemeji alikuwa ameinua upande mmoja wa mbao ya kwanza. Dereva alikuwa ameshavuka, amewasha jipu.

Niliisoma. Proseverbale ya resepsyo. Daraja limekaguliwa, limekubaliwa, limepokelewa bila dosari. Saini ya Administratere. Yote yalikuwepo. Niliisoma tena, kwa sababu ndivyo nilivyo, na safari hii nikatazama muhuri.

"Nini, Metre?" akaniuliza.

Ningeweza kunyamaza. Jipu ingepita, karatasi ingekwenda Bukavu, na kule wangeuona wao. Lakini nilikuwa nimeshautazama kwa muda mrefu mno.

"Muhuri, Papa. Iko ya ile provinsi ya zamani."

"Ile ilikufa?"

"Njo hiyo. Bukavu hawataikubali."

Aliichukua karatasi, akaishika mbali na macho, ijapokuwa hakuelewa Kifaransa chake. Aliuangalia ule mviringo wa wino kama alivyoangalia msumari uliopinda, ila huu hakuusemesha. Jipu iliunguruma upande wa pili. Akina mama waliokuwa wanakwenda sokoni walisimama kungoja nyundo.

Akanirudishia karatasi, akamwita dereva kwa mkono.

"Zima motokari, mutoto yangu. Rudi kwa Administratere, umwambie asante kwa saini. Umwambie alete na muhuri ya muntu muzima."

Dereva alizima. Antreprenere akaiweka nyundo chini. Shemeji aliirudisha ile mbao ya kwanza juu ya zile nyingine, polepole, akakaa, kisha akasogea kidogo pembeni kumpa nafasi.